Wanaoandika Chanzo cha Moto

Mtu akiungua, kila aliye karibu naye hutazama jeraha. Muuguzi hulisafisha, daktari hulipima kina, ndugu hulisikitikia. Hospitalini humo yupo mmoja ambaye huenda asilione jeraha hilo kabisa, na mgonjwa asimjue hata kwa sura. Huyo ni mtunza kumbukumbu za afya, anayelisoma faili mgonjwa akisharuhusiwa, kisha akayageuza maelezo yake kuwa misimbo michache ya herufi na tarakimu. Wengi huiona kazi hiyo kuwa ya ukarani tu. Mimi naihesabu miongoni mwa kazi zinazodai uangalifu mkubwa katika tiba nzima, na ushahidi wangu ni moto tunaoujua sote: ule tunaouwasha wenyewe, nje ya nyumba, kwa shughuli zetu.

Ni moto wa kuchoma takataka uani, wa mabua baada ya mavuno, wa mafiga ya sufuria kubwa siku ya arusi, wa vijana wanaoota moto kambini. Katika Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, toleo la kumi, yaani ICD-10, ajali ya moto huo imetengewa msimbo X03: moto uliodhibitiwa, usio ndani ya jengo. Msimbo huo umezungukwa na ndugu zake. X00 ni moto usiodhibitiwa ndani ya jengo. X01 ni moto usiodhibitiwa nje, kama wa msituni. X02 ni moto uliodhibitiwa ndani ya jengo, kama wa jikoni. Kwa hiyo mwandishi wa misimbo ana maswali mawili ya kwanza: moto ulikuwa wapi, na je, ulikuwa bado mikononi mwa aliyeuwasha?

Maswali hayo yanaonekana mepesi mpaka ukutane na faili lenyewe. Mkulima amewasha moto wa kusafisha shamba, upepo ukageuka, moto ukavuka kinga na kuingia porini, naye akaungua akijaribu kuuzima huko. Moto ni uleule, kiberiti ni kilekile, lakini ulipomchoma ulikuwa umekwisha kumponyoka. Mwingine amemwagia petroli takataka zilizolowa, na mvuke wake ukalipuka usoni. Hapo kuna X04, ya vitu vinavyowaka upesi kama petroli na mafuta ya taa. Wa tatu, kanga yake imeshika moto akiwa amechutama kando ya mafiga. Nguo iliyoshika moto nayo ina fungu lake, X06. Aliyezoea kazi hii hasomi neno "moto" akaridhika. Anatafuta kitenzi: ulimrukia, ulilipuka, ulishika nguo, au aliuangukia?

Chukua mfano wa mama aliyekuwa akichoma majani makavu nyumbani kwake, ndimi za moto zikampata mguu wa kulia chini ya goti. Daktari ameandika kuwa kuna malengelenge, yaani digrii ya pili. Msimbo wa jeraha ni T24.2: T24 ni nyonga na mguu pasipo kifundo na wayo, na 2 ni kina. Unafuata T31, wa kiasi cha ngozi iliyoungua, na T31.0 ni chini ya asilimia 10 ya mwili. Hapa mwandishi mzuri hasongi mbele upesi. Kwa kanuni ya tisa wanayoitumia matabibu, mguu mzima wa mtu mzima ni asilimia 18 ya ngozi yake, na mkono mzima ni 9. Faili likisema mguu wote umeungua, mbele na nyuma, kisha likaandika asilimia 5, kuna neno halijakaa sawa. Mwandishi hana ruhusa ya kulisahihisha kwa kukisia. Analirudisha kwa daktari na kuuliza.

Mwisho kinakuja chanzo: X03.0. Katika toleo la Shirika la Afya Duniani, sifuri hiyo ni mahali, yaani nyumbani. Kama ingekuwa mashambani, ingeandikwa X03.7. Marekani, ambako toleo lao la ICD-10 lilianza kutumika hospitalini tarehe 1 Oktoba 2015, sifuri hiyohiyo maana yake ni ndimi za moto, na moshi ni 1. Mahali pana misimbo yake ya pembeni. Huko huandikwa X03.0XXA: herufi mbili za X hushikilia nafasi tupu, na A huonyesha kwamba mgonjwa yumo katika matibabu yenyewe ya jeraha. Alama moja ikisomwa kwa kitabu kisicho chake hutoa habari nyingine kabisa. Ndiyo maana kazi hii haifanywi kwa mazoea ya vidole.

Ugumu wake mkubwa, hata hivyo, ni wa kiadilifu. X03 ni ya ajali. Kuna X97 kwa aliyechomwa na mwenzake, X76 kwa aliyejichoma, na Y26 pale ambapo nia haikubainika. Mwandishi wa misimbo si polisi wala hakimu. Hawezi kumpa mtu shambulio ambalo tabibu hakuliandika. Lakini faili likieleza mambo yanayopingana, anawajibika kuuliza kabla hajaliita tukio ajali. Nyuma ya tarakimu hizo yupo mtu, na pengine faili hilo ndilo shahidi pekee aliyebaki naye.

Yupo pia anayeanguka motoni kwa sababu ya kifafa. Katika uainishaji huu, kuangukia moto huhesabiwa pamoja na ajali za moto, hakuwekwi kwenye fungu la kuanguka. Mwandishi makini haishii hapo. Kifafa kikiwa kimeandikwa na daktari, anaweka G40 kando ya msimbo wa kuungua. Misimbo hiyo miwili ikikaa pamoja katika mafaili mengi ya wilaya moja, mganga mkuu ataona kwamba dawa za kifafa zisizokatika zingewaepusha wengi na wodi ya majeraha ya moto. Akikuta X04 imerundikana, atajua pa kuelekeza mafunzo kuhusu petroli. Akikuta X09 tupu, ya moto usioelezwa, hana pa kuanzia. Kinga ni bora kuliko tiba, lakini kinga huanzia kwenye kujua.

Ujuzi huu una ukoo mrefu. Mwaka 1893, Jacques Bertillon wa Ufaransa aliwasilisha mjini Chicago orodha yake ya sababu za vifo, nchi zikaanza kuhesabu wafu wao kwa lugha moja. Mwaka 1948 Shirika la Afya Duniani lilichukua jukumu la kuitunza, na toleo la kumi na moja lilianza rasmi Januari 2022. Shirika hilo linakadiria kuwa kuungua huua watu wapatao 180,000 kila mwaka, wengi wao katika nchi za kipato cha chini na cha kati. Makadirio kama hayo huwa imara kadiri mafaili yanayoyalisha yalivyoandikwa vizuri.

Kwa hiyo nawasifu wanaoketi na mafaili hayo, wakakataa kubuni na wakakataa pia kupuuza. Lakini hawawezi kuandika ambacho hakuna aliyekisema. Daktari na muuguzi, msiishie kwenye "ameungua na moto". Ongezeni mstari mmoja wa mahali, wa shughuli na wa namna moto ulivyompata. Nawe unayemfikisha mgonjwa hospitalini, eleza ulichokiona bila kuficha: kama kulikuwa na petroli, kama alianguka, kama kuna aliyemsukuma. Maelezo yako yatamsaidia anayemtibu leo, na yakiandikwa sawasawa, yatamkinga mtu ambaye bado hajaungua.