Zikri Ambayo Vitabu Havikuisikia

Siku tuliyomzika babu, Newala, ugomvi haukuwa wa mali. Ulikuwa wa sauti. Wazee wa tarika ya Kadiria walitaka jeneza lisindikizwe kwa tahlili ya sauti kubwa, kama babu mwenyewe alivyowasindikiza wenzake. Vijana waliosomea dini mjini walisema hiyo ni bidaa, maiti apelekwe kimya. Kwa kuwa kwetu Wamakonde ukoo unafuata upande wa mama, neno la mwisho lilikuwa la wapwa zake marehemu. Wakaamua: makaburini kimya, usiku zikri uani.

Niliporudi Masasi, ninakofanya kazi, nilianza kutafuta vitabu. Kwenye filamu na michezo ya kompyuta tunawashangilia watawa wa kubuni wanaofinyanga nguvu isiyoonekana kwa sauti. Wa kwetu si wa kubuni, na nilitaka kujua nani amewahi kuwasikiliza.

Nilianza na Karl Weule, Mjerumani aliyepita Masasi na Newala mwaka 1906 akiwa na kamera na fonografu, mashine ya kunasa sauti kwenye mitungi ya nta. Kitabu chake, Negerleben in Ostafrika, kilitoka mwaka 1908. Zikri si mada yake. Yeye alifuata ngoma, unyago na nyimbo. Lakini alikuwa na chombo cha kusikilizia, na bado ni msikilizaji mbaya. Kwake mwimbaji ni sampuli: anaimba, ananaswa, anasafirishwa Ulaya. Ni mara chache anapouliza wimbo unamfanyia nini anayeuimba.

Mwaka huohuo wa 1908 ilienea Lindi na sehemu nyingine za pwani barua iliyodaiwa kutoka Makka, ikiwahimiza Waislamu watubu kwa kuwa Kiyama kimekaribia. Majimaji ilikuwa imezimwa mwaka mmoja tu kabla. Watu waliposoma toba, watawala wa Kijerumani walisoma uchochezi.

Wasomi wa baadaye wana adabu zaidi, ila sikio lao limeelekea kulekule. August Nimtz, katika Islam and Politics in East Africa (1980), anaeleza vizuri jinsi tarika ilivyowafungulia mlango wa uongozi watu ambao wenye nasaba na mali wasingewapa nafasi. Lakini siasa imetangulia tangu jaladani. Ukimaliza kusoma unaelewa uzito wa ijaza na cheo cha khalifa. Huelewi kwa nini mtu akeshe akilitaja jina moja.

Kitabu kilichonishika zaidi ni cha Felicitas Becker, Becoming Muslim in Mainland Tanzania, 1890–2000, kilichotoka mwaka 2008. Becker anawahoji wanavijiji wa kusini mashariki wenyewe, na anaonyesha kwamba Uislamu wa huku haukumiminwa tu kutoka pwani. Wanavijiji waliuchukua, wakaufanya wao. Ameandika pia kuhusu mivutano kati ya wafuasi wa desturi za zamani na vijana wa mageuzi. Anaisoma kama mivutano ya vizazi, elimu na mamlaka. Ni kweli, yote hayo yalikuwepo msibani kwetu. Lakini kama ni mamlaka tu, si wangegombea uongozi wa msikiti? Kwa nini wagombee sauti?

Jibu langu ni kwamba pande zote mbili zinaamini sauti inafanya kitu. Mzee anaamini inamfikishia marehemu baraka. Kijana anaamini inaharibu ibada. Hakuna anayegombana na sauti isiyo na nguvu. Mwandishi anayeikimbilia siasa kabla ya kusikiliza anaruka jambo pekee ambalo wagomvi wenyewe wamekubaliana.

Mimi na wanawake wenzangu tulikuwa nyuma ya nyumba. Mchana tulilisikia jeneza likiondoka: nyayo kwenye mchanga, zikapungua kuelekea kwenye mikorosho, kisha hata nyayo hazikusikika. Ukimya ule nao ulikuwa mzito, na siwezi kuwadharau vijana waliouomba.

Usiku duara likaanza. Khalifa alikwenda polepole, kalima nzima, kila neno likisikika. Mwendo ukaongezeka, maneno yakapungua, likabaki jina la Mungu peke yake, kisha ikabaki pumzi tu, inatoka vifuani mwa wanaume wote kwa pamoja. Wanaoikejeli huiita kukohoa. Kukohoa hakuna mpangilio. Hii ilikuwa na mwenye kuiongoza, na aliyechelewa kidogo alijulikana hata kwetu tuliokuwa nyuma ya ukuta.

Nikamtazama bibi. Alikuwa amekaa kwenye kigoda, sufuria mapajani, anasugua masizi kwa majivu. Hakuwa akiitikia. Midomo yake ilikuwa imefungwa. Lakini mkono wake ulikuwa unakwenda na pumzi ya uani, ukaharakisha ilipoharakisha. Wanaume waliponyamaza, mkono ukasimama.

"Amefika," akasema, akaomba maji ya kusuuzia.

Atakayeandika tena kuhusu zikri ya Newala namwomba aanzie pale, nyuma ya nyumba, kabla hajauliza nani alikuwa khalifa na nani alimpinga.