Mpaka Unapopita Jikoni: Kuisoma Upya Chozi la Heri

Mwulize mtahiniwa athari za mgawanyiko katika Chozi la Heri (2014), riwaya ya Assumpta Matei iliyotahiniwa hadi Nguu za Jadi ikachukua nafasi yake. Atakutajia moto, kambi na maiti. Hajakosea, ila yamkini amesoma nusu ya kitabu.

Mtazame Subira. Kuondoka kwake hakusababishwi na genge lenye mapanga. Anaondoka kwa Kaizari, akiwaacha Lime na Mwanaheri, kwa kuwa mavyaa yake hakukoma kumwona mtu wa kuja. Aghalabu sisi walimu humpa mstari mmoja chini ya maudhui ya ukabila, kisha tukakimbilia vita. Kwangu mimi, Subira ndiye kiini.

Wahafidhina, nchi ya kubuni, haikugawika ikawa mataifa mawili. Sudan iligawika. Baada ya kura ya maoni ya Januari 2011, Sudan Kusini ilijitawala tarehe 9 Julai mwaka huo. Magazeti yalituonyesha bendera. Lakini Khartoum ilibadilisha sheria ya uraia mwaka uo huo, na aliyehesabiwa kuwa wa kusini akapoteza uraia wa Sudan, hata kama alizaliwa Khartoum na kuolewa huko. Ilipofika tarehe 8 Aprili 2012 alitakiwa awe amepata kibali cha mgeni au ameondoka. Sasa mrudie Subira: sheria ilifanya kwa karatasi alichofanya mavyaa kwa ulimi. Naye mtoto aliyesomeshwa kwa Kiarabu kaskazini alifika Juba, "kwao", akakuta Kiingereza ndiyo lugha rasmi.

Maisha ya namna hii, ya vibali na madaftari, riwaya inayapitia haraka mno. Umu na Dick wanakutanishwa na sadfa uwanjani mwa ndege, nasi tunafurahi. Lakini utengano huponywa na sadfa mara ngapi? Hapo namlaumu mwandishi.

Wewe unayefundisha Thika au hapa Ruiru, ambako darasa moja huwa na watoto wa wapangaji kutoka kila pembe, pengine na mmoja aliyezaliwa Juba, usianze na dondoo la vita. Waulize: Subira alipoondoka, nani aliwapikia wasichana wale kesho yake, na majirani walimwitaje mama yao? Wape dakika ishirini waandike. Usiwape hoja.