Kosa la Septemba 1937

Henry Hall, kiongozi wa bendi ya dansi, alikuwa na haki ya kuondoka BBC, shirika la utangazaji la Uingereza, Septemba 1937. BBC haikuwa na haki ya kuiacha Orkestra yake ya Dansi iondoke naye. Wanaomlaumu Hall kwa kufuata fedha za majukwaani wanamwonea, maana jina la bendi lilikuwa la shirika, studio ilikuwa ya shirika, na saa kumi na moja na robo jioni ilikuwa ya shirika, saa ambayo nyumba tele za Uingereza zilikwisha kuizoea. Kilichobaki kilikuwa kumtafuta kiongozi mwingine, na hakutafutwa. Wala jambo lenyewe halikuwa geni. Jack Payne, aliyeishika bendi hiyo tangu 1928, aliondoka mapema 1932 akawachukua wanamuziki wake, viti vikabaki vitupu. Hall akaitwa kutoka kwenye hoteli za reli, akakusanya wapigaji wapya, na tarehe 15 Machi wakasikika kutoka jengo jipya la Broadcasting House. Kwa msukumo wa dansi bado naiweka bendi ya Payne juu. Ya Hall ilibembeleza zaidi kuliko kusukuma. Lakini nafasi ilijazwa, na miaka mitano baadaye ingeweza kujazwa tena.

Nimelisema hili na nitazidi kulisema: bendi ya redio si bendi ya ukumbi iliyowekewa maikrofoni. Isikilizeni tena "The Teddy Bears' Picnic" iliyorekodiwa na bendi ya Hall mwaka 1932. Ala za sauti nzito zinatembea polepole kule chini, ala nyepesi zinazijibu juu kabisa, na Val Rosing anaimba bila kupaza sauti, kama anayemwambia mtu mmoja siri. Mafundi wa BBC waliitumia sahani hiyo kupimia mitambo yao, kwa sababu besi yake na sauti zake za juu zote zinatoka wazi. Katika ukumbi wa dansi, vishindo vya miguu vingemeza nusu ya kazi hiyo. Tena mwaka 1936 bendi ilimpata Mmarekani Benny Carter kuwa mwandishi wa mipangilio yake. Fundi wa kiwango kile huhitaji bendi inayokaa mahali pamoja, yenye muda wa mazoezi na mshahara usiotegemea tiketi za usiku huo.

Watetezi wa uamuzi ule husema bendi za hotelini, kama ya Ambrose, zilikuwepo na zilipiga vizuri. Zilipiga vizuri kweli. Ila zilimtumikia kwanza aliyelipia meza, na viongozi wake ndio waliokuwa wakifuatwa na wachapishaji wa nyimbo na bahasha zao ili wimbo fulani upigwe hewani. BBC ilipambana na mlungula huo kwa miaka, kisha ikaiachilia bendi pekee ya dansi ambayo kiongozi wake alikuwa mwajiriwa wake yenyewe. Wengine husema watu walimpenda Hall, si bendi. Hayohayo yangeweza kusemwa juu ya Payne. Vita vya Pili vya Dunia vilipofika, shirika likalazimika kuunda upya kilekile lilichokiacha: Billy Ternent akasimama mbele ya Orkestra ya Dansi ya BBC, na mwaka 1944 Stanley Black akaipokea.