Waliotoka Old Trafford

Filamu ya Ken Loach, Looking for Eric, ilitoka mwaka 2009. Mimi niliitazama miaka kadhaa baadaye kwenye laptopu ya binamu yangu, imebebwa kwa flash kutoka kwa msee wa kuuza filamu pale stage. Tuliichukua kwa sababu moja tu: Cantona yumo. Binamu yangu ni United damu. Wakati huo hata mimi.

Kuna mahali ndani yake marafiki wanabishana baani. Mmoja wao ameiacha Manchester United na kuhamia FC United of Manchester, klabu ya ligi za chini kabisa. Wenzake wanamsuta na kumcheka. Binamu akacheka nao. "Huyu ni msaliti tu," akasema. Nami nilicheka, lakini swali halikunitoka: mtu anaachaje timu, halafu bado anadai anaipenda?

Nimeitazama filamu hiyo mara tatu sasa, na kila mara naona kuwa Loach alipita haraka hapo. Alipata hadithi kubwa mkononi, akaitumia kutuchekesha, akaendelea na yake. Kwa hivyo nikaenda kuitafuta mwenyewe.

Mei 2005 familia ya Glazer kutoka Marekani iliinunua Manchester United kwa karibu paundi milioni 790. Sehemu kubwa ya pesa hizo ilikuwa mkopo, na mzigo wa mkopo ukatuliwa juu ya klabu yenyewe. Ni kama mtu anunue ploti unayoishi kwa loan, halafu loan yenyewe ilipwe na rent yako. Kwa mashabiki wengi wa pale Manchester hiyo ilikuwa tu ile siku maji yalipozidi unga. Bei ya tiketi ilikuwa ishapanda na saa za mechi zilikuwa zishaanza kupangwa kwa raha ya televisheni.

Mwezi huohuo wakakutana, pamoja na mkutano mkubwa katika ukumbi wa Apollo, wakaamua kuunda klabu yao. Jina lilichaguliwa kwa kura. Moja ya majina yaliyopendekezwa lilikuwa Newton Heath United, na hilo si jina la kuokota. Newton Heath ndiyo klabu ya wafanyakazi wa reli, ya mwaka 1878, iliyokuja kuwa Manchester United. Hapo ndipo nilianza kuwaelewa. Machoni pao hawakuwa wameondoka. Walikuwa wanasema kwamba timu yenyewe ndiyo iliyohama, na wao wamebaki palepale ilipozaliwa.

Sheria walizojiwekea ni chache na hazina maneno mengi. Mwanachama mmoja, kura moja, awe ametoa pesa nyingi au kidogo. Bodi inachaguliwa na wanachama. Jezi haina jina la mdhamini kifuani. Na kuanzia 2009, mwanachama alilipia tiketi ya msimu mzima kulingana na uwezo wake, mradi asishuke chini ya kiwango fulani.

Mpira nao ulikuwa mtamu. Julai 2005 walicheza mechi yao ya kwanza, ya kirafiki, dhidi ya Leigh RMI. Ilikuwa sare ya bila bila, na bado mashabiki waliingia uwanjani kusherehekea kana kwamba wamebeba kombe. Walianzia daraja la kumi la mpira wa Uingereza, wakapanda misimu mitatu mfululizo. Uwanja hawakuwa nao, kwa hivyo walipangisha Gigg Lane, nyumbani kwa Bury, na Aprili 2006 watu 6,023 walikuja hapo kutazama mechi ya ligi hiyo ya vijijini. Novemba 2010 wakaitoa Rochdale kwenye Kombe la FA, 3-2, Mike Norton akifunga dakika za nyongeza. Raundi iliyofuata wakatoka sare na Brighton ugenini kabla ya kufungwa 4-0 kwenye marudio. Mei 2015 wakafungua uwanja wao wenyewe, Broadhurst Park, mtaa wa Moston, baada ya kuchanga karibu paundi milioni 2 kwa hisa za wanachama. Mgeni wa siku hiyo alikuwa Benfica, tarehe 29 Mei, tarehe ileile ambayo United iliifunga Benfica kwenye fainali ya Ulaya ya 1968.

Wengi wanaosimulia habari za klabu hii huishia hapo. Wadogo wamewashinda wakubwa, sungura kamshinda fisi, asanteni kwa kutazama. Filamu ya Loach nayo inaishia kwa namna hiyo. Watu wa posta wanajaza mabasi, wanavaa vinyago vya Cantona, wanaenda kumtia adabu jambazi anayemsumbua mwenzao. Kazi inaisha kwa siku moja. Ni mwisho mtamu, na siukatai, niliupigia makofi. Lakini shida yake ni kwamba unatuachia picha ya umoja kama jambo la alasiri moja. Basi likisharudi, nani atalipa mafuta? Nani ataandika kumbukumbu za kikao?

Historia ya FC United inajibu, na jibu si la kupigiwa makofi. Mwaka 2016, chini ya mwaka mmoja baada ya kufungua uwanja, wanachama walianza kulalamika kwamba bodi yao imekuwa ya usiri, maamuzi yanafanywa bila wao. Walioikimbia klabu isiyosikiza watu wake wakajikuta wanaambiana maneno yaleyale ndani ya nyumba waliyoijenga. Wajumbe wa bodi wakajiuzulu, meneja mkuu aliyekuwepo tangu mwanzo akaondoka, bodi nyingine ikachaguliwa. Kocha wao wa tangu 2005, Karl Marginson, naye akaondoka mwaka uliofuata. Mwaka 2019 timu ikashuka daraja.

Niliposoma hayo mara ya kwanza nilivunjika moyo. Nikadhani binamu alikuwa sahihi, kwamba haya mambo ya klabu ya wananchi ni ndoto ya watu wa baani.

Halafu nikaona kilichotokea jirani. Mwaka huohuo wa 2019, mwezi Agosti, Bury, wale wenye nyumba pale Gigg Lane, walifukuzwa kwenye Football League. Walikuwemo tangu 1894. Klabu ilikuwa mikononi mwa mtu mmoja aliyeinunua kwa paundi 1, madeni yakaishinda, na mashabiki hawakuwa na kura yoyote ya kupiga. Walibaki kusimama nje ya lango. Mpangaji alishuka daraja akiwa hai. Mwenye nyumba alifungiwa akiwa na historia ya zaidi ya miaka 100.

Hapo ndipo nasimama na huyu jamaa wa filamu anayechekwa. Kura haikuwapa FC United makombe wala amani. Iliwapa mahali pa kugombana ambapo ugomvi unaweza kubadilisha kitu. Ndiyo maana naona makosa ya 2016 ni sehemu bora ya historia yao kuliko lile bao la Norton, ingawa bao ndilo linalotazamwa kila mara. Bao lilikuwa bahati na miguu ya kijana mmoja. Ule ugomvi ulikuwa klabu yenyewe, ikifanya kazi iliyoundiwa.

Nilimpigia binamu nikamweleza yote haya. Alisikiza, kisha akauliza swali moja: "Na wewe ushawahi kwenda mkutano wa klabu gani?"

Manze, sikuwa na jibu. Hapa nyumbani Gor na Ingwe ni klabu za wanachama, zina uchaguzi wao, na kelele zao kila mwaka. Mimi mtoto wa mjini nimezicheka kelele hizo miaka yote, huku nikilipa hamsini kila wikendi kwenye kibanda cha mpira, nimevaa jezi ya mtumba yenye jina la mdhamini nisiyejua anauza nini, nikiilia timu ambayo haitaniuliza chochote maishani.

Binamu bado ananiita msaliti. Bado tunatazama mechi pamoja, na United ikifunga naruka, mwili haujasahau. Ila filamu ile nimemrudishia na flash yake, na nimemwambia nikiiona tena nitakuwa nimekaa upande wa yule anayechekwa. Na ada ya uanachama Ingwe nimeanza kuweka kando. Mkutano ukiitishwa nitaenda. Najua utakuwa mrefu, na najua tutagombana.