Mji wa Chatu na Njia ya Tabora: Bara kama Mahali pa Kusukia Visa Upya katika Peponi

Katika riwaya ya Abdulrazak Gurnah, Paradise (1994), iliyotafsiriwa kwa Kiswahili na Ida Hadjivayanis kwa jina la Peponi (2022), msafara wa mfanyabiashara Aziz unatoka pwani kwenda bara miaka michache kabla ya Vita Kuu ya Kwanza. Wakati huo haukuteuliwa ovyo. Reli ya Kati ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914, na njia ya wapagazi kutoka Bagamoyo hadi Unyanyembe na Ujiji ikawa inakufa. Msafara wa Aziz unapita katika nchi iliyokwisha kuanza kugeuka kumbukumbu. Sehemu hii inadai kuwa ndiyo maana bara la Peponi linakuwa na tabia ya nchi ya ndoto: visa vya kale vinaingia humo na kutoka vikiwa na sura nyingine.

Asili ya visa hivyo inajulikana. Carl Velten alikusanya masimulizi ya Waswahili kati ya mwaka 1893 na 1896, kisha akayachapisha katika Safari za Wasuaheli (1901). Humo imo safari ya bara ya Selemani bin Mwenye Chande, na imo pia safari ya Salim bin Abakari nchini Urusi. Wahakiki wamekwisha kuonyesha kuwa mkasa wa mji wa Chatu umechimbuka kwa Selemani, na kwamba masimulizi ya Urusi katika riwaya yanamrudia Salim. Hata hivyo, kubainisha chanzo ni nusu tu ya kazi ya mhakiki, pengine pungufu ya nusu. Selemani alikuwa akimsimulia Mjerumani, miaka michache tu baada ya upinzani wa pwani kuvunjwa kwa silaha. Msimulizi wa namna hiyo ana sababu ya kumwonyesha mtawala wa bara kuwa mkatili na mfanyabiashara wa pwani kuwa mdhulumiwa. Gurnah anauchukua mkasa uleule na kuuhamisha uzito wake: Chatu anawavamia wageni usiku na kutwaa mali yao, lakini anaeleza kuwa mfanyabiashara aliyetangulia alimdhulumu. Mzungu anapofika na askari wake na kuamuru mali irudishwe, msomaji hawezi tena kuona haki ikitendeka. Anaona mwamuzi wa tatu akijitwalia nchi.

Jambo lililopewa nafasi ndogo katika uhakiki ni njia inayotumika kumfikishia msomaji maneno ya Chatu. Yote hupitia kinywani mwa mkalimani, Nyundo. Aziz na wenzake hawana namna ya kuyapima, na msomaji hana pia. Kwa hiyo hoja nzito kuliko zote dhidi ya biashara ya misafara imewekwa mahali ambapo haiwezi kuthibitishwa. Hapa jina la Yusuf linapata maana isiyotarajiwa. Nabii Yusuf wa Kurani ni mfasiri wa ndoto, na kipaji hicho ndicho kinachomtoa kifungoni. Yusuf wa Gurnah, kijana aliyewekwa rehani kwa deni la baba yake, huota na asipate wa kumfasiria; Nyundo naye hufasiri, ila ndoto si zake. Riwaya imekitenganisha kipaji cha nabii mmoja na kukigawa kwa watu wawili, na hakuna kati yao anayeokoka kwacho.

Usukaji wa namna hii haukuanzia kwa mtunzi wa karne ya 20. Hamed bin Muhammed, Tippu Tip, ambaye Maisha yake yalichapishwa na Heinrich Brode mwanzoni mwa karne hiyo, alikulia katika familia iliyojua thamani ya nasaba. Baba yake, Muhammed bin Juma, aliweka makazi Tabora na kumwoa Karunde, binti wa mtemi Fundikira, na ndoa hiyo ilimpa nguvu katika siasa za Unyanyembe. Tabora nasaba ilipatikana kwa ndoa. Huko Utetela mwana aliipata kwa hadithi. Alisikia habari za wanawake wa ukoo wa Kasongo Rushie waliotekwa zamani, akajitambulisha kuwa mjukuu wa mmoja wao, na Kasongo akamwachia utawala. Kisa kilichosimuliwa vizuri kilizaa dola. Ukiyasoma Peponi baada ya Maisha, unatambua kwamba Gurnah anamrudishia mwenyeji uwezo uleule: safari hii ni Chatu anayesimulia, na mgeni ndiye anayepoteza.

Tafsiri imeongeza tabaka ambalo halimo katika Kiingereza. Msomaji wa Paradise asiyejua Kiswahili hupita jina la Chatu kama jina lolote. Msomaji wa Peponi anakutana na nyoka mkubwa ndani ya bustani, na bustani ndiyo taswira kuu ya kitabu. Neno pepo nalo linabeba makao ya wema pamoja na viumbe wanaopanda vichwani mwa watu, jambo linalomgusa mke wa Aziz na maradhi yake. Maana hizo zilikuwa zimelala katika lugha ngeni zikingoja kurejeshwa nyumbani.

Pamoja na hayo, dai la kawaida kwamba riwaya hii inawarudishia sauti walionyamazishwa linahitaji kupunguzwa. Wanyamwezi walikuwa wakipeleka misafara yao wenyewe pwani kabla misafara ya pwani haijazoea kufika Tabora. Walikuwa wafanyabiashara, si mabega tu. Katika Selemani, katika Maisha na hata katika Peponi, wapagazi hubaki kundi: wanachoka, wanatoroka, wanakufa, wanalipwa au hawalipwi. Nchi ambamo kila kisa kinaweza kusukwa upya imewasuka upya wafanyabiashara, watawala na watumwa wa nyumbani. Mpagazi wa Unyanyembe, aliyeijua njia kuliko Aziz na mnyapara wake, angali anabeba mzigo wa hadithi ya mtu mwingine.