Ridhaa na Hatia katika Perfect Blue

Filamu ya katuni Perfect Blue, iliyoongozwa na Mjapani Satoshi Kon mwaka 1997, ina asili yake katika riwaya ya Yoshikazu Takeuchi. Mima, kijana mwimbaji, anaacha kundi lake la muziki ili awe mwigizaji wa televisheni. Mwanzoni anapewa kauli moja tu, ya kumwuliza mtu kuwa yeye ni nani. Anaikariri hadi swali hilo linamgeukia mwenyewe.

Wahakiki husifu sana namna uhalisi, ndoto na maigizo yanavyochanganywa. Sifa hiyo ni ya haki: Mima huamka kitandani mara kwa mara, na mtazamaji hajui ni kipi kilichotendeka kweli. Lakini fani hiyo ingekuwa mazingaombwe matupu kama isingebeba suala la maadili. Suala lenyewe limo katika tukio la kubakwa, ambalo ndani ya hadithi ni maigizo. Kamera inaposimamishwa, mwigizaji mwanamume anamwomba Mima radhi kwa sauti ya chini. Kisha kazi inaendelea. Hakuna aliyemshika mkono kwa nguvu. Rumi, msimamizi wake, alipinga. Mima mwenyewe alikubali. Ni baadaye chumbani, anapokuta samaki wake wamekufa, ndipo analia kwamba hakutaka kamwe. Ridhaa ilitolewa, na bado dhuluma ikatendeka: hapo filamu ina uzito kuliko popote.

Udhaifu wake ni katika kugawa hatia. Mwandishi wa mchezo na mpiga picha wanauawa, na lawama inawaangukia Rumi, mwimbaji wa zamani anayejiona kuwa Mima wa kweli, pamoja na shabiki mmoja asiye na akili timamu. Waliomuuza Mima wanaadhibiwa na wagonjwa, kwa hiyo hakuna anayewahukumu. Tena, filamu inamwonyesha mtazamaji mwili ule ule ambao inawalaumu wengine kwa kuukodolea macho.

Mwishoni Mima, sasa mwigizaji mashuhuri, anatoka hospitalini alikolazwa Rumi, anatazama kioo cha gari na kusema kwamba yeye ndiye wa kweli. Baadhi husoma humo dalili ya wazimu mpya. Wanaharakisha. Katika mbio za usiku, vioo vya maduka ndivyo vilivyomfichua Rumi akihema, huku macho ya Mima yakiona msichana mwepesi anayerukaruka.