Mirathi ya Mbaraka Mwinshehe: Jina au Kazi?

Huku Uluguru mtoto ni wa ukoo wa mamaye. Hata cheo cha Kingalu wa Kinole, aliyejulikana tangu zamani kwa habari za mvua, hakimshukii mwana wa kuzaa bali mpwa. Naye akiisha kusimikwa huitwa Kingalu kama yule aliyemtangulia. Walakini harithi jina tupu. Hutwaa na matambiko, na lawama pia mvua isiponyesha.

Nimeikumbuka desturi hii kila niwasikiapo watu wakishindana ni nani wa kushika urithi wa hayati Mbaraka Mwinshehe Mwaruka, mpiga gitaa wa Morogoro. Alizaliwa mwaka 1944, akapata sifa katika Morogoro Jazz Band, akaenda nayo Japani kwa maonyesho ya Osaka ya mwaka 1970. Mwaka 1973 aliunda Super Volcano, na Januari 1979 alikufa kwa ajali ya motokaa upande wa Mombasa, hajatimiza miaka 35.

Wengi husema: jamaa wapewe fedha zao. Ni haki. Sheria ya Hakimiliki ya Tanzania ya mwaka 1999 iliweka kwamba haki ya mtunzi hudumu maisha yake na miaka 50 baada ya kufa. Kwa hesabu hiyo haki ya Salum Abdallah wa Cuban Marimba, naye mtu wa Morogoro aliyekufa mwaka 1965, ilikoma mwisho wa 2015. Ya Mbaraka itafika mwisho wa 2029. Basi fedha zina kikomo. Je, baada ya hapo jamaa watakuwa wameshika nini?

Hapa sikubaliani na wanaoona kuwa yatosha kijana wa ukoo kupanda jukwaani kwa jina la mzee. Nyimbo nyingi za zama zile ziligawanywa pande mbili za santuri. Upande wa kwanza una maneno; wa pili magitaa huachiliwa, nalo la Mbaraka huuliza na kujijibu lenyewe, bila haraka, hata msikilizaji akasahau kuwa hapana aimbaye. Mimi nauona huo kuwa ndio moyo wa kazi yake. Lakini redioni mara nyingi nimesikia upande wa kwanza tu, kisha wimbo hukatwa. Na wanafunzi wangu wayajuao maneno kwa moyo hawajui kuwa wimbo unaendelea. Ni nani atakayelalamika, kama si jamaa? Mwenye duka la sahani hutazama bei, na redio hutazama saa. Jamaa ndio wawezao kudai wimbo utolewe mzima, na kuwauliza wazee waliobaki ni nani alipiga gitaa la pili, na neno hili la mafumbo lilimlenga nani, kisha wakaandika.

Tena katika nyumba zetu, wala sineni habari ya nyumba ya Mbaraka, watu hugombana kama gitaa la marehemu ni la mwana au la mpwa, na muda wa kuandika ukapita. Jirani yangu mmoja alirithi kwa mjombaye kasha la santuri. Aliliweka darini juu ya meko, lisiguswe na watoto, kwa heshima ya marehemu. Tulipolifungua, sahani zote zilikuwa zimejikunja kwa joto. Kasha lenyewe lipo hata leo, limepakwa rangi mpya.